Mama wa kwenye michoro ya chuo cha Uholanzi: niliyoyaona Riyadh na Jeddah

Wakuu, salamu kwenu nyote, mlioko nyumbani na mlioko ughaibuni.

Humu mimi ni msomaji tu wa miaka mingi. Napita, nacheka, natoka. Leo nimeamua kuandika kwa sababu jambo hili limenikaa kifuani, na kuwasimulia watu wawili watatu geto hakujanisaidia.

Nitakayoyasema ni ya kweli. Majina nimebadilisha, chuo sitakitaja, na kampuni yangu sitaitaja maana bado nakula kwao. Atakayeona ni chai, aipulize anywe. Sitagombana naye.

Twende.

Mimi ni mtu wa Tanga. Niko Saudia kwa mkataba, kazi yangu ni fundi wa maonyesho. Yaani kampuni ikipata tenda, sisi ndio tunajenga kuta za mbao, tunatundika picha, tunapanga taa, na mambo yakiisha tunabomoa na kufunga kila kitu kwenye makasha. Ofisi yetu iko Riyadh, mtaa wa Sulimaniyah. Kafili wangu, yaani mdhamini, hana matata, ikama, kile kibali cha kuishi, inahuishwa kwa wakati, sina cha kulalamika.

Kwenye timu tuko wengi, ila kwenye habari hii mjue mmoja tu: Kevo, Mkenya wa Nakuru. Jamaa wa maneno mengi. Haogopi umeme wala urefu, anapanda ngazi huku anaimba.

Sasa kazi yenyewe.

Chuo kimoja cha sanaa na usanifu cha Uholanzi kilitaka kujitangaza huku. Siku hizi vijana wa Kisaudi, hasa wasichana, wanakwenda sana nje kusomea mambo ya design. Kwa hiyo chuo kikaleta maonyesho ya historia yake na kozi zake. Kwanza Riyadh, halafu Jeddah.

Msimamizi alikuwa mama mmoja wa Kiholanzi, tumwite Marijke. Mrefu, nywele nyeupe, miwani inaning'inia shingoni. Alisoma chuoni hapo ujana wake, akabaki kufundisha hadi amekaribia kustaafu. Kiingereza chake cha polepole, kwa hiyo tulielewana.

Niwaambie kitu. Sisi mafundi tunasoma paneli za maelezo kuliko wageni wanaokuja kutazama. Unaibeba, unaipima, unaitundika, inakaa upande, unaishusha, unaitundika tena. Mpaka maonyesho yafunguliwe, ushakariri.

Ndiyo maana hadi leo nakijua chuo kile utadhani nimesoma pale.

Kilianza kama darasa la jioni tu. Maseremala, waashi na wapaka rangi wa mji ule walikuwa wakitoka kazini wanakwenda kufundishwa kuchora, ili wajue kusoma ramani na kukata kwa vipimo. Wanawake hawakuruhusiwa. Wao walifunguliwa shule yao pembeni, ya kudarizi na kufuma. Miaka mingi baadaye shule mbili zikaunganishwa zikawa kitu kimoja.

Ikaja vita, jengo likapigwa. Masomo yakawa yanafanyika kwenye maghala na majikoni ya watu. Vita ilipoisha wakahamia kwenye kiwanda cha zamani cha nguo, na ndipo walipo mpaka leo.

Kozi zao sasa. Mwaka wa kwanza wote wanasoma pamoja: kuchora, kukata, kushona, kuchomelea, hakuna kubagua. Baada ya hapo unachagua njia yako. Kuna nguo na ufumaji, kuna vito, kuna kioo na udongo, kuna kamera, kuna kusanifu vitabu na matangazo, kuna samani na mambo ya ndani ya nyumba. Na yale madarasa ya jioni ya watu wa kazi hawajayafuta.

Hilo nililipenda sana. Mimi ufundi nimejifunzia mtaani, nikawa nasoma huku najisemea, kumbe na hawa walianza na maseremala.

Tukafika sehemu ya mwisho ya maonyesho.

Ilikuwa inaeleza darasa la kuchora mtu. Wanafunzi wa mwaka wa kwanza wanakaa wamezunguka, katikati anakaa mtu mmoja ametulia, kila mwanafunzi anamchora kutokea pale alipo. Kwao mara nyingi mtu huyo anakaa bila nguo. Kwa Saudia hilo halizungumziki. Kwa hiyo Marijke alileta michoro ya zamani kidogo, ya darasa moja, ambayo aliyechorwa alikuwa amevaa.

Alikuwa mwanamke wa Kiafrika. Amekaa kwenye kiti cha mbao chenye mgongo. Sweta zito, kilemba kichwani, mikono imelala mapajani. Kidole gumba cha kushoto amekifumbata ndani ya vidole vingine, vile watoto wachanga wanavyofanya.

Marijke akataka tuitundike kwa duara, kila mchoro ukae upande ule ule aliokaa mwanafunzi, na katikati paachwe wazi. Mgeni akisimama pale awe kama yuko darasani. Tukajenga ukuta wa mviringo wenye milango miwili, tukaanza kutundika.

Ilikuwa asubuhi. Taa zote zinawaka, nje magari yanapiga honi, mtaa mzima uko kazini.

Kevo alikuwa juu ya ngazi anaimba. Akanyamaza.

"Bro, kuja hapa."

"Nini tena?"

"Hebu zunguka zote. Angalia uso wa huyu mathe."

Nikazunguka. Kila mchoro ulikuwa na mkono wake. Mmoja amechora kwa mkaa, mwingine kwa penseli nyepesi, mwingine hajui kabisa, vidole kama ndizi. Lakini kwenye kila mmoja, yule mama alikuwa anamtazama aliyemchora. Uso mzima. Macho mawili.

"Sasa wamekaa round," Kevo akasema. "Huyu wa nyuma aliona uso aje?"

Nikamwambia labda alikuwa anageuka. Kevo akashuka ngazi, akanionyesha kiti. Kwenye michoro ya mbele, kiti kimechorwa kwa mbele. Ya pembeni, kwa pembeni. Na kwenye mmoja ulioandikwa nyuma ya fremu "upande wa mlango", kiti kimechorwa kwa nyuma, unaona mbao za mgongo wake zote. Na yule mama yuko juu ya mbao hizo, anakutazama.

Kiti hakikugeuka. Yeye ndiye aliyekuwa anamtazama kila mtu.

Tukamuita Marijke. Alipoona tumesimama wapi, akavaa miwani yake, akatabasamu kidogo, ila si tabasamu la furaha.

"Mmeona mapema," akasema. "Wengi hawaoni kabisa."

Akatueleza kwamba mwalimu wa darasa lile alidhani wanafunzi wanamfanyia mzaha. Akawauliza mmoja mmoja. Kila mmoja akajibu, alikuwa ananitazama mimi.

Nikamuuliza, "Na wewe umejuaje haya yote?"

Akagusa ile fremu ya upande wa mlango. "Huu ni wangu. Nilikuwa nimekaa nyuma yake."

"Na alikuwa anakutazama?"

"Muda wote. Mpaka nilitaka kutoka nje."

Kevo akauliza ni nani. Marijke akasema alikuwa anafanya kazi jikoni, kwenye kantini ya chuo, na siku nyingine mchana alikuwa akija kukaa ili achorwe. Wote walimwita Kaatje. Hilo ni jina la Kiholanzi, kama vile sisi tungesema Asha. Baridi iliyofuata alifariki.

"Tulijua anatoka Afrika," Marijke akasema. "Hatukuuliza zaidi. Tulikuwa vijana. Lakini kila maonyesho haya yanapokwenda, michoro hii naibeba."

Akavua miwani, akaiacha ining'inie shingoni. Tukaendelea kutundika.

Maonyesho yakafunguliwa. Watu wakaja, wenye kanzu nyeupe zilizonyooka, wanafunzi wa kike makundi kwa makundi, wazazi wanauliza ada na hosteli.

Siku ya pili au ya tatu nikaanza kuona kitu.

Ndani ya ule mduara, hakuna mtu aliyekuwa anapita katikati.

Kulikuwa na milango miwili inayotazamana. Njia fupi ni kukatiza moja kwa moja. Lakini watu walikuwa wanaingia, wanazunguka na ukuta, wanatokea upande wa pili. Wote. Alikuja mheshimiwa mmoja na msafara wake, wamejaa kama maji, wakafika pale wakajigawa pande mbili, wakaungana tena mbele. Hakuna aliyewaambia. Hawakuonekana hata kujua wanafanya hivyo.

Msafishaji naye alikuwa anapiga deki kwa kuzunguka. Nilipomuuliza kwa Kiarabu chetu kile cha kazini kwa nini katikati hapafuti, akatazama sakafu, akashangaa. "Mafi," akasema. Yaani hakuna. Sakafu ilikuwa imeng'aa pembeni kote, na katikati vumbi limekaa duara, halina alama ya kiatu hata moja.

Mtoto mmoja wa kike, mdogo, amebebwa na baba yake, alipungia mkono pale katikati. Kama anavyompungia mtu.

Wakuu, mimi si mtu wa kuogopa ogopa. Nikajiambia, hii ni akili tu, Kevo ametuambukiza. Mchana mmoja ukumbi ulikuwa mtulivu, nikaingia, nikaamua kukatiza.

Nilipiga hatua mbili.

Sikuona kitu. Sikusikia kitu. Lakini mmeshawahi kuingia chumba cha mtu bila kupiga hodi, ukamkuta amekaa peke yake na mawazo yake? Ile aibu inayokupanda usoni? Ndiyo iliyonishika. Mwili wote.

Nikajikuta nimesema, "Samahani, mama."

Kwa Kiswahili. Riyadh. Naongea na sakafu.

Nikarudi kinyumenyume.

Baada ya hapo sikujaribu tena. Nilipiga picha za michoro yote kwa simu, moja moja, ili tukifika Jeddah nijue mpangilio, halafu Riyadh tukaifunga. Kevo alifunga mizigo ya kozi, kioo na vito na samani. Nilikuwa nimemsimulia yaliyonipata, akakataa kuingia kwenye ule mduara.

"Mimi na hiyo kitu tumemalizana, bro. Wewe ongea na yeye, wewe ndio mnaelewana."

Alisema kwa utani. Hakucheka.

Jeddah maonyesho yalikuwa kwenye ghala lililokarabatiwa, Al-Mahjar. Kwa wasiojua, ni mtaa wa kusini, wa watu wa kazi, umejaa wageni wa kila nchi. Hapo unapata chapati na maharage bila kuhangaika. Nilifurahi, maana nilikaa na Wakenya na Watanzania wenzangu, usiku ni stori tu.

Tukajenga ule mduara upya. Mambo yakawa yale yale. Watu wanazunguka, katikati hapaguswi.

Hadi alipokuja Dama.

Ilikuwa alasiri. Akaingia madam mmoja na binti yake. Binti anaitwa Lujain, amemaliza shule, na alikuja ameshajua anachotaka: kozi ya nguo na ufumaji. Alimkamata Marijke palepale, maswali mfululizo. Mashine gani zipo, mwaka wa kwanza unafanya nini, kazi zangu nitume vipi. Mama mtu yuko pembeni anauliza kuhusu baridi na usalama.

Nyuma yao alikuwa dada wa kazi, amebeba mkoba wa madam na chupa ya maji. Mtu wa makamo, baibui jeusi, viatu vya mpira. Nikamsikia ananong'ona peke yake, "Miguu yangu jamani." Kiswahili cha pwani ya Kenya, wazi kabisa.

Nikamsalimia. Akashtuka kwa furaha. Akaniambia anaitwa Dama, ni Mgiriama wa Kilifi, anafanya kazi nyumba moja kule Aziziya, na mwaka huu anatimiza mkataba wa pili.

"Hapa hakuna pa kukaa, kaka?"

Nikamwambia kuna benchi upande wa pili, apite hapa. Nikamwonyesha mlango wa mduara.

Akaingia. Mimi nilikuwa nyuma yake.

Hakuzunguka.

Alikwenda moja kwa moja, akafika katikati, akasimama. Akainua kichwa akaona mchoro wa kwanza. Akageuka akaona wa pili. Akawa anageuka polepole, mkoba wa madam umemteleza mkononi, chupa ya maji imeanguka inabingirika, yeye anageuka tu.

"Mama mdogo," akasema.

Nikadhani anamwita mtu. Akarudia.

"Huyu ni mamangu mdogo. Huyu ni Kache."

Nywele zilinisimama, wakuu. Kache. Kaatje. Yatamkeni yote mawili kwa sauti, hapo mlipo, na ile tj ya Kiholanzi itamkeni kama ch.

Nikamuuliza umejuaje. Aliinua mkono wake wa kushoto, akanionyesha. Kidole gumba kilikuwa kimefumbatwa ndani.

"Sisi wote kwetu hulala hivi. Mama yangu, mimi, watoto wangu. Yeye alikuwa hata akikaa, hufanya hivi. Alikuwa akinibeba mgongoni, nakumbuka mkono ule uko hapa." Akajishika begani.

Ikabidi nimshike nimkalishe chini, pale pale katikati, kwenye vumbi. Akanisimulia. Kache alikuwa akifanya kazi kwa familia ya Wazungu waliokuwa na nyumba ya likizo huko pwani. Wakampenda, wakamwambia tufuate Ulaya ukatulelee mtoto. Akaaga. Mwanzoni zilikuja habari, halafu kimya. Mama yake Dama, anayeitwa Sidi, ndiye dada mkubwa. Hakuwahi kukubali kuweka matanga. Kila mwaka ndugu wakimwambia tumlilie Kache tumalize, alisema, "Mnamlilia nani? Mmemwona amekufa?"

Madam akatokea mlangoni. "Dama! Yalla, mafi wakti!" Yaani twende, hakuna muda.

Akatuona chini. Nikatarajia kelele. Lujain alikuwa nyuma yake, na Marijke. Dama akajaribu kusema kwa Kiarabu chake, maneno yakamkwama, akabaki anaonyesha ukutani, anajipiga kifua, "Ukhti mama, ukhti mama," yaani dada wa mama.

Lujain ndiye aliyeelewa kwanza. Akamweleza mama yake taratibu.

Madam akatazama michoro. Akamtazama Dama. Akaingia mle ndani na yeye, akapita vile vile katikati bila kuzunguka, akaokota ile chupa ya maji, akaifungua, akampa Dama anywe. Halafu akamwambia kwa Kiarabu, nami nilielewa, "Piga simu kwa mama yako. Mimi nitasubiri."

Marijke alikuwa ameegemea ukuta, mkono mdomoni. Nilipomweleza kwa Kiingereza jina lile linatamkwaje, alijaribu mara kadhaa hadi likatoka sawa. Kache. Kache. Akalia.

"Alikuwa anatuambia," akasema. "Kila siku alikuwa anatuambia, na sisi tulisikia jina letu."

Siku ile Dama alimwambia mama yake kidogo tu, kwamba picha ya Kache imeonekana. Mengine tukasema tusubiri. Marijke akaahidi kumtafuta mpishi mkuu wa kantini ya wakati ule, mama mzee, yuko hai.

Sasa sehemu hii mniwie radhi, sina maelezo yake.

Siku ya kubomoa tulianza asubuhi. Kevo safari hii alikubali kuingia, kwa sababu ghafla watu walikuwa wameanza kupita katikati. Tangu Dama alipoondoka. Wanakatiza tu, kama ukumbi wowote.

Nikiwa nafungua skrubu nikasikia, "Bro."

Alikuwa ameshika fremu ya upande wa mlango.

Mchoro ulikuwa ni mgongo. Mbao za kiti, sweta, shingo, na fundo la kilemba kisogoni. Hakuna uso.

Tukazunguka wote. Wa dirishani, ametazama pembeni, unaona sikio na shavu. Wa kona, nusu uso. Wa mbele tu ndio wenye uso mzima. Michoro ya kawaida ya darasa, kila mmoja kutokea alipokaa.

Nikatoa simu nikafungua picha nilizopiga Riyadh. Nilitaka ushahidi.

Mgongo. Sikio. Nusu uso.

Kwenye simu yangu, tangu Riyadh, ilikuwa hivyo hivyo.

Kevo alinitazama. "Lakini tuliona. Si tuliona?"

"Tuliona."

Tukamuita Marijke. Akaushika mchoro wake, akautazama kwa muda mrefu sana. Halafu akasema kwa sauti ya chini, "Ndiyo. Hivi ndivyo nilivyochora. Nakumbuka sasa nilivyohangaika na hilo fundo."

Tukafunga makasha. Kevo hakuimba.

Nilikuwa nimesharudi Riyadh majibu yalipokuja. Marijke alikuwa amekaa na yule mpishi mzee mchana kutwa, akanipigia akanieleza yote. Dama akaniomba nimwambie mama yake mimi, yeye hataweza. Basi Ijumaa moja alasiri tukaunganisha simu ya watu watatu. Mimi niko nje ya ofisi Sulimaniyah, Dama yuko Aziziya chumbani kwake, Mama Sidi yuko Kilifi.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Sema. Mimi nimekaa chini."

Nikamwambia. Kwamba ile familia ilitaka kuhamia nchi nyingine, pasipoti ya Kache iko kwao, yeye akakataa kwenda, akaondoka na nguo alizovaa. Mpishi alimkuta kwenye ngazi za kantini, akampa kazi, akamchukua nyumbani kwake. Walikaa kama ndugu. Baridi ikamwingia kifuani. Hakuwa na karatasi, hawakujua wamwandikie nani. Mpishi na watu wa chuo wakamzika kwa heshima, na kaburi lipo, mpishi analipandia maua.

Mama Sidi akauliza, "Alikufa peke yake?"

"Hapana mama. Yule mpishi alikuwa naye."

"Alisema nini?"

Hapa nilisita. Kwa sababu Marijke alinieleza na mimi nikaelewa papo hapo kitu ambacho wao hawakukielewa miaka yote ile.

"Mama, siku zake za mwisho alikuwa akirudia neno moja tu. Wao na yeye waliongea Kiingereza cha kuokoteza. Wakasikia anasema *city*. Yaani mjini. Wakadhani anataka kwenda mjini."

"Ehe," akasema.

"Wakampeleka, mama. Kwenye kiti cha magurudumu, wamemfunga blanketi. Wakamzungusha madukani, kwenye mifereji, sokoni. Akirudi, anasema tena. Kesho yake wanampeleka tena."

Nikasikia kuku kwa mbali, na Dama anavuta kamasi.

Halafu Mama Sidi akacheka. Wakuu, alicheka kicheko cha mtu mzima, cha kutoka tumboni, hadi akakohoa.

"Ananiita mimi, Sidi," akasema, "wao wanampeleka kutembea! Na Kache alivyopenda kutembea! Najua hakuwakatalia. Namjua. Alikaa kwenye kiti hicho akaangalia maduka yote."

Dama naye akaanza kucheka huku analia, na mimi huku Sulimaniyah machozi yananitoka mbele ya watu.

Alipotulia, Mama Sidi alisema kwa sauti nyingine kabisa, "Haya. Dama, waambie wajomba zako waje. Tumlilie."

Wakaweka matanga wiki ile. Lujain alipata nafasi chuoni na sasa yuko mwaka wa kwanza. Marijke ameshabadilisha jina kwenye kaburi.

Picha za michoro msiniombe, ni mali ya chuo, na familia imesema imetosha.

Nilichojifunza ni hiki. Mtu wa mbali akikutajia jina lake, usilibadilishe likufae wewe. Lirudie mbele yake mpaka aseme ndiyo, ndilo hilo. Na nyinyi mlioko huku kwenye nyumba za watu, hakikisheni kuna mtu mmoja karibu yenu anayejua jina la kwenu na anajua kulitamka.

Nimemaliza. Wenye maelezo ya kitaalamu ya kile tulichokiona mimi na Kevo, leteni, nitasoma yote. Wenye dhihaka nanyi karibuni.

Na kama kwenu kuna mtu aliyeondoka na hamjasikia habari zake, andika jina lake hapo chini. Liandike lote, kama mlivyokuwa mkimwita nyumbani.